Candi Rureke, Baba wa Karisi

Jina la Mwindo analijua kila aliyewahi kukaa katika darasa la fasihi simulizi ya Kiafrika. Tunalikuta kwenye orodha ya tendi pamoja na Sundiata wa Wamandinka na Lianja wa Wamongo, tunaulizwa sifa za shujaa, tunajibu, tunapata alama, tunaendelea na mada nyingine. Jina lisiloulizwa kwenye mtihani ni la mtu aliyeusimulia utendi huo hadi ukafika mikononi mwetu. Huyo ni Candi Rureke, Mnyanga wa Walikale, Kivu ya Kaskazini. Maisha yake yaliyoandikwa hayajai kurasa nyingi, lakini yaliyomo yanatosha kutufanya tuusome utendi wake kwa namna nyingine.

Wanyanga wanaishi magharibi ya milima ya Masisi. Anayetoka Goma hupita Sake, huingia Masisi, nchi ya Wahunde, yenye malisho na vilima vilivyo wazi, kisha ardhi huanza kuteremka, miti inazidi, na mbele yake linakuja eneo la Walikale, ambalo sehemu kubwa ni msitu wa mvua. Katika miaka ya 1950 Wanyanga walikadiriwa kuwa watu 27,000 hivi. Walikula ndizi, walitega na kuwinda kwa mbwa, walirina asali, na waliishi chini ya machifu wao, bami, kila mmoja na sehemu yake. Lugha yao, Kinyanga, Guthrie aliipa namba D43, na Kihunde cha majirani zao akakipa D51. Namba hizo zinawaweka katika makundi mawili tofauti, ingawa watu hawa wamepakana, wameoana na wamefanya biashara kwa vizazi.

Rureke alikuwa mtu wa makamo mwaka 1956, hivyo utoto wake uliangukia miaka ya mwanzo ya Kongo ya Wabelgiji, koloni ambalo serikali ya Ubelgiji ililipokea mwaka 1908 kutoka kwa Mfalme Leopold wa Pili. Alikua wakati barabara, misheni, mashamba ya wazungu na migodi vilipokuwa vikiwavuta vijana kutoka msituni. Upande wa Masisi, kuanzia mwaka 1937, Wabelgiji waliwaleta maelfu ya watu kutoka Rwanda na kuwapa makazi katika ardhi ya Wahunde, na ugomvi wa ardhi uliotokana na uamuzi ule tunaufahamu mpaka leo. Walikale ilikuwa mbali zaidi na macho ya utawala. Huenda hiyo ni sababu mojawapo ya utaalamu wa kina Rureke kudumu huko kwa muda mrefu, ingawa sababu kubwa zaidi naiona katika namna ulivyofundishwa.

Katika ujana wake Rureke alipewa kazi ya kumsaidia mzee aliyeitwa Kanyangara, ndugu yake wa upande wa mama. Kanyangara alikuwa msimulizi wa karisi, na yeye aliupata utendi kutoka kwa mtu aliyeitwa Bishusha. Kwa hiyo tuna majina matatu yanayofuatana: Bishusha, Kanyangara, Rureke. Kwetu sisi tuliozoea tendi za pwani, ambako nasaba ya utungo hufuatwa kwenye hati, kama vile Utendi wa Tambuka unavyofuatwa hadi mwaka 1728, mnyororo wa majina matatu unaweza kuonekana mfupi. Lakini upime kwa kazi yake. Kijana msaidizi hakai pembeni akisikiliza. Anampigia mwalimu ala, anaitikia viitikio, anatembea naye anakoalikwa, na kila usiku analirudia tukio alilolisikia likiwa tofauti kidogo na la jana. Baada ya miaka anabaki na njia ya kuusimulia upya, na hakuna andiko lolote analohitaji kulikariri.

Na kazi hiyo haikuwa ajira. Miongoni mwa Wanyanga hakukuwa na tabaka la watu wanaoishi kwa kusimulia, kama walivyo majeli wa Afrika Magharibi. Msimulizi alilima, alitega na kuwinda kama wenzake. Alipotumbuiza alipewa chakula, pombe, shanga au sarafu chache, zawadi za kumtia moyo. Kilichomfunga zaidi kilikuwa imani. Karisi ni jina la utendi na pia ni jina la roho. Roho hiyo ndiyo inayomtaka mtu ajifunze na asimulie, na anayeitii hupata kinga dhidi ya maradhi na kifo. Ndiyo maana Rureke aliitwa Shé-kárisi. Kiambishi shé- kina maana ya baba wa fulani, na tunakiona tena katika jina la baba yake Mwindo, Shemwindo. Mkongo wa mashariki au mtu wa Dar es Salaam anayemwita jirani yake Baba Asha anautumia utaratibu uleule: heshima ya mtu mzima inapitia kwa mtoto wake. Mtoto wa Rureke, kwa jina hili, alikuwa utendi.

Sasa tufike Bese. Hiki ni kijiji kidogo cha msituni katika nchi ya Wanyanga, na mwaka 1956 alifika hapo Daniel Biebuyck, mwanaanthropolojia Mbelgiji aliyekuwa mtafiti wa IRSAC, taasisi ya utafiti ya koloni iliyokuwa na makao Lwiro karibu na Bukavu. Alikuwa amekwisha kufanya kazi kwa Wabembe na Walega. Kwa Wanyanga alikuwa akisikia vipande vya karisi hapa na pale, akitafuta mtu mwenye utendi mkubwa kuliko vipande hivyo. Huko Bese akampata Rureke.

Kilichofuata kilichukua siku 12 mfululizo. Rureke alisimulia, aliimba, alicheza, aliigiza. Mkononi alishika kibuyu cha kutikisa, miguuni alivaa njuga. Kando yake vijana walipiga ala ya mti mkavu, fimbo ndefu iliyolazwa juu ya vijiti na kugongwa kwa mirao, na mmoja wa vijana hao alikuwa akiandaliwa kumrithi, kama Rureke alivyoandaliwa kwa Kanyangara. Watu wa kijiji na wa jirani walikusanyika, wakaitikia nyimbo, wakatoa zawadi. Waandishi walikuwa Biebuyck na wasaidizi wake wawili Wanyanga, Amato Buuni na Stephano Tubi, wakifukuzana na sauti kwa kalamu. Siku zikaenda na mwili wa fanani ukachoka, sauti ikakauka. Hakuacha.

Kuna jambo katika siku hizo ambalo vitabu vya kiada hulipita haraka. Kwa desturi, wasimulizi wa Kinyanga hawakuusimulia utendi mzima kwa mfuatano, kutoka kuzaliwa kwa shujaa hadi mwisho. Jioni moja ilisimuliwa sehemu moja, jioni nyingine sehemu nyingine, kwa kadiri ya shughuli na hamu ya hadhira. Utendi kamili ulikuwapo, lakini ulikuwapo kama msitu unavyokuwapo kwa mwindaji: anaujua wote, na kila siku huingia upande mmoja. Ni ombi la mtafiti lililoutaka utoke wote kwa safu. Maana yake ni kwamba ule Mwindo tunaousoma, wenye mwanzo, kati na mwisho, kwa umbo lile ulitokea Bese katika siku 12 za mwaka 1956, na mtu aliyeubeba mwilini mwake alikuwa Rureke.

Wenzetu wanaosoma filamu wanalijua tatizo hili. Robert Flaherty alipomrekodi Nanook na familia yake katika theluji ya Kanada, filamu iliyotoka mwaka 1922, kamera yake haikuweza kupiga ndani ya nyumba ya barafu kwa kukosa mwanga, hivyo ikajengwa nyumba nusu, isiyo na upande mmoja. Watazamaji wakaona maisha halisi katika nyumba ambayo hakuna mtu angelala ndani yake. Mwenye kuhifadhi mila daima huomba kitu ambacho mila yenyewe haikuwa imekiomba. Wengine wakiliona hilo husema kwamba utendi wa Rureke ni wa bandia. Mimi nauona ushahidi ukielekea kwingine. Nyumba nusu ilijengwa ili kamera ione. Rureke hakupunguza upande wowote, aliongeza. Aliombwa kufanya jambo ambalo ufundi wake haukuzoea, akalifanya mbele ya watu wake mwenyewe, ambao wangemcheka kama angeharibu. Hata wale waandishi hakuwaacha wakae nje ya kazi kama mashahidi. Katika nyimbo zake anawataja na kuwahimiza waende mwendo wake. Aliwageuza kuwa sehemu ya hadhira.

Alichosimulia kinahitaji kukumbushwa, kwa sababu muhtasari wa darasani humfanya Mwindo kuwa mbabe tu. Shemwindo, chifu wa Tubondo, ana wake 7, naye anawapiga marufuku kuzaa watoto wa kiume. Nyamwindo, mke mpendwa, anapata mimba isiyotaka kutoka. Mtoto anapanda tumboni, anashuka kwenye mkono, anazaliwa kupitia kidole cha kati cha mama yake. Anazaliwa akicheka, akisema na kutembea, na mkononi ana conga, mgwisho wake wa mkia wa mnyama. Baba anamrushia mikuki, anamzika, mwishowe anamfungia ndani ya ngoma na kuitupa mtoni. Ngoma inaelea ikiimba mpaka kwa shangazi Iyangura, mke wa Mukiti, nyoka wa majini. Wajomba zake, ambao ni popo, wanamfulia mwili wa chuma. Nkuba, radi, anamsaidia kuiteketeza Tubondo. Shemwindo anakimbilia kuzimu kwa Muisa, na mtoto anamfuata, anafanya kazi zisizowezekana, anacheza kamari na Sheburungu, anampata baba yake na kumrudisha nyumbani.

Hapo mtu angetegemea kichwa cha baba kikatwe. Rureke hakimpeleki kisa huko. Mwindo anawafufua watu wa Tubondo, baba anakiri makosa yake hadharani, na nchi inagawanywa: upande kwa baba, upande kwa mwana. Kisha, wakati msikilizaji anadhani yamekwisha, kinakuja kipande ambacho kwangu ndicho moyo wa usimulizi wa Rureke. Mwindo anaua Kirimu, dude la msituni ambalo lilikuwa rafiki wa Nkuba. Kwa kosa hilo Nkuba anamchukua juu mbinguni kwa mwaka mmoja. Huko mbabe aliyezaliwa akitembea anapigwa na baridi, jua na mvua, na hana wa kumjibu majigambo yake. Anarudi duniani na marufuku ya kuua wanyama, na anatawala kwa sheria. Utendi unaanza na chifu anayetunga amri ya kikatili na kumalizika na chifu aliyepokea amri. Biebuyck alichapisha baadaye, mwaka 1978, tendi nyingine tatu za Mwindo kutoka kwa wasimulizi wengine wa Kinyanga, katika kitabu chenye jina linalotaja shujaa na chifu. Akizilinganisha, msomaji ataona kwamba kila fanani ana Mwindo wake. Wa Rureke ndiye anayelipishwa.

Sitaki kudai kwamba Rureke alikuwa akiwasema Wabelgiji. Ila kisa cha mtawala anayeogopa warithi wake, kikisimuliwa mwaka 1956, miaka 4 kabla ya uhuru wa Kongo, katika kijiji ambacho chifu wake alikuwa na bwana mzungu juu yake, hakiwezi kuwa kilisikika kama hadithi ya zamani tu.

Kwa mwanafunzi wa isimu kuna starehe nyingine, nayo ni ile sifa ambayo Mwindo anajiita tena na tena: Kábútwakénda. Ukilikata jina hili unapata ka-, kiambishi cha udogo, ambacho Kiswahili sanifu kimekiweka pembeni lakini ambacho Mkongo wa Bukavu au Goma hukitumia kila siku anaposema katoto. Unapata -but-, kuzaa, mzizi unaosikika pia katika Kihunde na Kilega. Unapata -w- ya kutendwa, ileile yetu. Kisha ka- tena, na -enda, ambayo haihitaji mkalimani. Kadogo kaliozaliwa, kakaenda. Sentensi mbili zimeshonwa kuwa jina, na kila Rureke alipolitamka alikuwa amesimulia mwanzo wa utendi upya kwa pumzi moja. Wafasiri wa Kiingereza walihitaji maneno mengi yenye vistari kati yake ili kulibeba.

Tafsiri hiyo ilifanywa na Biebuyck pamoja na Kahombo Mateene, Mnyanga na mwanaisimu. Ni vyema kulitazama jina lake pia: Kahombo ni roho ya bahati njema, na Mwindo anazaliwa akiwa amening'iniza begani kifuko cha roho huyo. Mateene baadaye aliongoza Ofisi ya Lugha ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika iliyokuwa Kampala, na aliandika sarufi ya Kinyanga na ya Kihunde. Ndiye aliyefanya Kinyanga cha Rureke kichapishwe kikamilifu, pamoja na alama za toni, nyuma ya tafsiri. Kitabu kilitolewa na Chuo Kikuu cha California mwaka 1969.

Jalada la kitabu hicho lina majina ya Biebuyck na Mateene. Jina la Rureke liko ndani. Maktaba zikaweka kadi chini ya B, na ndivyo tunavyoandika hata sisi kwenye marejeleo ya kazi zetu: Biebuyck na Mateene, 1969. Haki imtendee kila mmoja: wakusanyaji wengi wa enzi ile waliandika tu kwamba kisa kilitoka kwa mzee mmoja wa kijijini. Biebuyck alimtaja fanani, mwalimu wake na mwalimu wa mwalimu wake, akatueleza jinsi alivyochoka. Bila utaratibu huo makala haya yasingekuwa na mtu wa kumwandika. Lakini bado najiuliza kwa nini mtunzi wa tenzi za pwani tunamwita mtunzi, na Rureke, aliyeuunda utendi mzima kwa siku 12, kwenye orodha za vitabu vyetu anabaki kuwa chanzo.

Mwaka mmoja baada ya kitabu hicho, Ruth Finnegan alitoa utafiti wake mkubwa wa fasihi simulizi ya Afrika, na humo alitilia shaka kama utendi ni utanzu wa Kiafrika hasa. Ubishi uliofuata ulijaza majarida. Isidore Okpewho alipojibu kwa kitabu chake cha mwaka 1979 kuhusu utendi barani Afrika, Mwindo wa Rureke alikuwa miongoni mwa mashahidi wake wakuu. Hapa kwetu Afrika Mashariki, M. M. Mulokozi alifanya kazi ya namna hiyo kwa tendi za Wahaya zinazoimbwa kwa nanga, katika tasnifu yake ya mwaka 1986. Mkulima na mwindaji wa Walikale alikuwa ameingia katikati ya mabishano ya maprofesa, na upande wake ulishinda.

Nchi aliyoiacha imepata mengine. Mwezi Machi 1993 mauaji yalianzia kwenye soko la Ntoto, Walikale, yakaenea Masisi, na tangu hapo maeneo haya mawili hutajwa pamoja katika habari za vita. Walikale inajulikana kwa mgodi wa Bisie na madini yake ya bati kuliko kwa jambo lingine lolote. Vijiji vimehamishwa, vimerudi, vimehamishwa tena. Ufundi unaohitaji kijana akae miaka kando ya mzee mmoja hauwezi kustahimili watu wanaolala kila mwezi mahali pengine.

Muhula uliopita nilifungua kurasa za Kinyanga za kitabu hicho pamoja na mwenzangu ambaye lugha ya nyumbani kwao Masisi ni Kihunde. Hakuwahi kusoma Kinyanga. Alianza polepole, akikwama, akirudi, na kila baada ya mistari kadhaa alinigeukia kunieleza neno analolitambua: mto, mke, ndizi, kuzaa, ngoma. Tukaenda hivyo hadi tulipofika kwenye wimbo wa kwanza. Hapo akanyamaza, akauangalia ukurasa kwa muda, kisha akaniuliza nani anapiga fimbo.